Sura ya 4: Aliyezaliwa Kisangani ni mtu wa wapi?

"Mama, kijiji?"

"Nimezaliwa hapa hapa Mangobo, papa."

"Pa kuzaliwa nimekwisha andika. Nauliza kijiji cha asili. Cha baba yako."

Mazungumzo ya namna hii husikika kila watu wa Kisangani wanapoandikishwa. Karani hana ubaya wowote. Fomu iliyo mbele yake inamdai mistari ya asili: kijiji, sekta, teritwari, jimbo. (Teritwari ni ngazi ya utawala iliyo chini ya jimbo, kama wilaya kwa majirani zetu wa mashariki; sekta iko chini yake.) Mama anataja kijiji ambacho hajawahi kukikanyaga, anachokijua kwa kukisikia kikitajwa kwenye matanga, na kazi inaendelea. Watoto wake nao wataandikwa watu wa kijiji hicho hicho. Wajukuu pia.

Chukua kadi ya mpiga kura uitazame. Tangu uandikishaji wa 2005, kadi hiyo ndiyo imekuwa kitambulisho cha kila shughuli nchini Kongo, maana vitambulisho vya enzi ya Zaire vilikufa na Zaire yenyewe, na sensa ya mwisho ya watu wote ilifanyika 1984. Utaionyesha benki, utaionyesha kwenye kizuizi cha barabarani, utaionyesha ukinunua laini ya simu. Ina picha, jina, tarehe na mahali pa kuzaliwa, majina ya wazazi, anwani. Halafu kuna asili. Kadi moja, mtu mmoja, sehemu tatu tofauti: alipozaliwa, anapolala, na "kwao".

Ndiyo maana swali la sura hii halichoki kuulizwa, hasa na vijana: mimi nimezaliwa Kisangani, baba yangu amezaliwa Kisangani, pengine hata babu; kwa nini serikali bado inanirudisha kijijini?

Jibu fupi ni kwamba sheria ya Kongo humfikia raia kwa kupitia kabila lake. Uraia maana yake ni kifungo cha kisheria kati ya mtu na dola: dola inakulinda na kukupa haki, nawe unaitii na kulipa kodi. Katika nchi nyingi kifungo hicho hupitia kwa mzazi au mahali pa kuzaliwa. Kwetu kinapitia kwa mzazi, lakini nyuma ya mzazi limesimama kabila, na nyuma ya kabila kuna ramani ya nani alikuwa wapi siku Wazungu walipochora mipaka. Jibu refu linaanzia penye maporomoko ya maji.

Mji wa waliokuja

Wa kwanza kando ya maji haya ni Wagenia. Hadi leo wanasimika miti mikubwa katikati ya mawe ya maporomoko, wanaifunga kwa kamba za msituni, kisha wananing'iniza vikapu vikubwa vyenye mdomo mpana na mkia mwembamba. Samaki anayesukumwa na maji huingia mdomoni na hapati nafasi ya kugeuka. Kila nafasi ya kutegea ina ukoo wake, na mgeni hawezi kujichagulia jiwe lake akaanza kutega. Nyuma yao, msituni, ni Wakumu. Ng'ambo ya kushoto ya mto ni Walengola. Hao ndio watu wanaoweza kuitwa wenye udongo bila mtu kubisha sana.

Wengine wote walikuja. Hamed bin Muhammad el Murjebi, tunayemjua kwa jina la Tippu Tip, mzaliwa wa Zanzibar, alishuka mto na watu wake wakitafuta pembe za ndovu na watumwa. Henry Morton Stanley alipofika Desemba 1883 kuanzisha kituo kwenye kisiwa karibu na maporomoko, aliwakuta watu wa pwani wamekwisha ingia eneo hilo. Mwaka 1887 Leopold II, mfalme wa Wabelgiji, kwa kushindwa kuwaondoa, aliona afadhali awaajiri: Tippu Tip akafanywa wali wa Stanley Falls kwa jina la Dola Huru ya Kongo. Yaani Mwafrika wa kwanza kuutawala mji huu kwa cheo cha serikali yenye bendera na mipaka alikuwa Mzanzibari. Sijui mji mwingine wa Kongo wenye mwanzo wa kejeli namna hii.

Watu waliomfuata Tippu Tip waliitwa Wangwana. Wachache walikuwa wa pwani. Wengi walitoka Maniema, na wapo waliochukuliwa utumwani wakiwa watoto katika makabila ya hapa hapa, wakakua wakisema Kiswahili, wakasilimu, wakavaa kanzu. Tutarudi kwao.

Halafu kikaja chuma. Maporomoko yanazuia meli, kwa hiyo Wabelgiji walijenga reli ya kilomita 125 kutoka ng'ambo ya kushoto hadi Ponthierville, ambayo leo ni Ubundu, ikamalizika 1906. Kisangani, wakati huo Stanleyville, ikawa mahali ambapo meli zinazotoka Léopoldville, zaidi ya kilomita 1,700 kwa mto, zinafikia mwisho, na mizigo inashuka. Palipo na mizigo pana wapagazi, makarani, mafundi wa reli, wapishi, askari. Walokele walikuja na mitumbwi yao ya biashara, wakafuata Watopoke, Wambole, Wababua, Watetela, Wakusu, baadaye Wanande na wengine. Kilingala kilipanda na mto pamoja na meli na jeshi; Kiswahili kilitoka mashariki. Vilikutana hapa na havijaachana. Mtu aliyekaa nyuma ya toleka, baiskeli ya kubebea abiria, anaweza kuulizia bei kwa lugha moja na kulalamika kwa nyingine.

Daftari la Bula Matari

Bula Matari, mvunja mawe, lilikuwa jina la Stanley, kisha likawa jina la serikali nzima ya kikoloni. Bula Matari alipenda daftari.

Kabla yake kabila lilikuwa na milango mingi. Mtu aliweza kuhamia kwa wajomba, kuoa mbali na kubaki huko, kuchanjiana damu na mwenyeji akawa ndugu. Amri ya 2 Mei 1910 ilitaka kila Mkongomani awe mtu wa sheferi fulani, yaani eneo la chifu anayetambuliwa na serikali. Amri nyingine ya 5 Desemba 1933 ilizipanga upya sheferi na sekta hizo. Aliyetaka kuondoka kwao kwa zaidi ya mwezi alihitaji pasi ya kuhamia. Karani wa Kibelgiji alipouliza "wewe kabila gani?" jibu liliandikwa kwa wino, na kutoka hapo likawa mali ya serikali. Aliyekuwa na majibu mawili alilazimika kuchagua moja.

Na watu wa mjini je? Mwaka 1931 serikali iliifanya mitaa ya Waafrika katika miji kuwa "vituo vya nje ya mila". Maana yake ni rahisi kuliko jina: mila ya chifu haikufika pale, na sheria ya Mzungu nayo haikumfikia Mwafrika sawasawa. Mtu wa Stanleyville alikuwa nje ya mila na nje ya uraia, amesimama kizingitini. Mbele ya sheria Wakongomani walikuwa watu wa Ubelgiji bila kuwa raia wa Ubelgiji. Walilipa kodi na kulima pamba ya lazima, na wala hapakuwa na mtu wa kumpigia kura.

Kwa wasomi mlango ulifunguliwa kidogo. Mwaka 1948 ililetwa kadi ya sifa ya kiraia, na 1952 ngazi ya juu zaidi, ya kuandikishwa kama "mstaarabu" mbele ya sheria. Aliyeiomba alikaguliwa. Wakaguzi waliingia nyumbani, wakaangalia familia inakula vipi na inalala vipi. Karani mmoja wa posta ya Stanleyville alikataliwa mara ya kwanza, akakata rufaa, akakubaliwa 1954. Jina lake Patrice Lumumba.

Waliofanikiwa walikuwa wachache mno, na wengi wao waliishia na hasira kuliko shukrani. Unapomwambia mtu athibitishe kwamba anafaa, umekwisha mwambia kwamba bado hafai.

Tarehe tano, mtu yuleyule

Uhuru ulifika 30 Juni 1960 kabla nchi haijajiambia raia wake ni nani. Sheria ya msingi iliyoandaliwa Brussels haikufafanua jambo hilo. Kazi iliachiwa Wakongomani wenyewe, nao wamelijibu hivi:

- 1964, Katiba ya Luluabourg: Mkongomani ni yule ambaye mmoja wa mababu zake alikuwa wa kabila, au sehemu ya kabila, lililokuwa limekaa Kongo kabla ya 18 Oktoba 1908.
- 1971, amri ya Rais Mobutu: watu wa asili ya Ruanda-Urundi (Rwanda na Burundi za leo) waliokuwa wakiishi Kongo siku ya uhuru, 30 Juni 1960, ni raia wote kwa mkupuo.
- 1972, sheria mpya: kwa watu hao hao, tarehe inarudishwa nyuma. Sharti wawe wamefika Kivu kabla ya 1 Januari 1950.
- 1981, sheria nyingine: ile ya 1972 inafutwa. Raia ni yule ambaye babu yake alikuwa wa kabila lililokuwa ndani ya mipaka ya nchi 1 Agosti 1885.
- 2004, sheria ya 12 Novemba, inayotumika hadi leo: raia wa asili ni mtu wa makundi ya kikabila ambayo watu wake na ardhi yao viliunda nchi iliyokuja kuwa Kongo wakati wa uhuru.

"Raia wa asili" ni yule anayezaliwa na uraia wake. Anayeuomba baadaye huitwa raia wa kuupata, na haki zake za kisiasa ni pungufu.

Sasa mweke mtu mmoja mbele ya orodha hii. Wabelgiji walianza 1937 kuwahamisha wakulima kutoka Rwanda na kuwapeleka Masisi, Kivu, wakalime na kufanya kazi za mashamba. Mwana wa mmoja wao, aliyezaliwa Masisi na asiyewahi kuondoka, hana nafasi katika katiba ya 1964. Ni raia mwaka 1971, bado ni raia 1972, si raia 1981, anarudi kuwa raia 2004. Hajahama hata nyumba. Watu wa Kisangani walisikia habari hizi kama mambo ya Kivu, ya mbali, hadi vita vilivyowashwa na mgogoro huo viliposhuka hadi mlangoni kwao.

Zitazame tena zile tarehe mbili, 1908 na 1885. Tarehe 18 Oktoba 1908 ni siku ya sheria ya Ubelgiji ya kuitawala Kongo kama koloni. Tarehe 1 Agosti 1885 ni siku Leopold alipozitangazia dola nyingine mipaka ya mali yake. Wabunge wa nchi huru, katika enzi ya kutupa majina ya Kikristo na kuvaa abakosti, suti ya Mobutu isiyo na tai, walipotafuta Mkongomani halisi walimpimia kwa kalenda ya Leopold. Sioni kwamba walikuwa wajinga. Kabla ya Leopold hapakuwa na Kongo hii yenye mipaka hii, kwa hiyo kila anayetaka uzawa wa nchi nzima lazima aishie kwenye meza ya mkoloni.

*Kwa ufupi: mkoloni aliandika makabila ili atawale na kukusanya kodi. Nchi huru ililichukua daftari lile lile ikalifanya mlango wa uraia, kisha ikawa inabadilisha tarehe ya kufunga mlango kulingana na nani anatakiwa abaki nje.*

Mngwana anajazaje fomu?

Hapa Kisangani sheria hii ina kitendawili chake, nacho ni Wangwana. Tarehe hazimsumbui Mngwana: mababu zake walikuwa wamefika kabla ya 1908, na wengine kabla ya 1885. Shida yake ni neno kabila. Wangwana hawana babu mmoja wala msitu wao. Wanajuana kwa dini, kwa lugha na kwa namna ya kuishi. Mbele ya fomu, Mngwana ana njia mbili: atafute kabila la bibi au babu aliyechukuliwa njiani miaka mia na arobaini iliyopita, au ataje kijiji cha Maniema na kusonga mbele.

Angalia mambo yalivyopindana. Katiba ya 18 Februari 2006 inakitaja Kiswahili kuwa moja ya lugha nne za taifa, pamoja na Kikongo, Kilingala na Tshiluba. Lugha aliyoileta Mngwana ni ya taifa kwa maandishi. Yeye mwenyewe inabidi apitie mlango wa kabila la mtu mwingine. Kwa bahati karani wa Kisangani, ambaye mara nyingi naye babu yake alikuja na meli, hambani mtu sana. Nchi yetu inaendeshwa kwa fomu kali na makarani wapole, na siku karani akibadilika ndipo utaona fomu ilikuwa na maana gani.

Mwenyeji mkubwa wa mji alikuwa mgeni

Lumumba hakuwa mtu wa Kisangani kwa mujibu wa fomu. Alizaliwa 1925 Onalua, Sankuru, Mtetela. Alifika Stanleyville kama kijana mwingine yeyote anayetafuta kazi, akaajiriwa posta, akaongoza vyama vya makarani, akaandika magazetini, akafungwa 1956 kwa kesi ya fedha za posta. Oktoba 1959 alikuja kufanya mkutano wa chama chake, MNC, hapa hapa; tarehe 30 mwezi huo ghasia zikalipuka na watu wakapigwa risasi; siku chache baadaye akakamatwa. Katika uchaguzi wa Mei 1960 jimbo la Mashariki lilimpa wingi mkubwa. Hakuna aliyemuuliza kijiji.

Alipoondolewa kwenye uwaziri mkuu, aliyekuja kuishika bendera yake Stanleyville ni Antoine Gizenga, mtu wa Kwilu, upande wa pili wa nchi. Mji ukamkubali naye. Na Juni 2022, jino la Lumumba, sehemu pekee ya mwili wake iliyobaki, liliporudishwa na Ubelgiji, jeneza lilipelekwa Sankuru alikozaliwa, likaletwa Kisangani, likapita Katanga alikouawa, ndipo likazikwa Kinshasa. Serikali, bila kupitisha sheria yoyote, ilikiri kwamba mtu anaweza kuwa na kwao zaidi ya kumoja.

Nisiupake mji rangi ya dhahabu. Waasi walioitwa Wasimba walipouteka Agosti 1964 kwa jina la Lumumba huyo huyo, hawakuulizia sana kabila, waliulizia upande. Karani aliyeitwa "PNP", jina la chama kilichosemwa kuwa cha vibaraka wa Wabelgiji, alihesabiwa msaliti, na watu wengi, wasomi hasa, waliuawa mbele ya mnara wa Lumumba mbele ya umati. Kuacha kuuliza kabila hakukuleta huruma peke yake.

Neno "mgeni" likipewa silaha

Tarehe 30 Novemba 1973 Mobutu alitangaza kwamba biashara na mashamba ya wageni yatakuwa ya Wazaire. Maduka ya Wagiriki, Wareno na Wahindi wa Kisangani yaligawiwa, na waliogawiwa walikuwa wakubwa wa chama na jamaa zao. Wengi waliuza bidhaa zilizokuwa rafuni na hawakuagiza nyingine. Mwananchi wa Kabondo alipata heshima ya kununua chumvi kwa mwananchi mwenzake, kwa bei ya juu, siku chumvi ilipokuwapo.

Tarehe 14 Mei 2002, mji ukiwa chini ya kundi la RCD lililoungwa mkono na Rwanda, askari walioasi waliiteka redio na kuwataka watu wawafukuze "Wanyarwanda". Watu kadhaa waliodhaniwa kuwa wao waliuawa barabarani. Dhana ilitosha: pua, urefu, matamshi. Kisha RCD ikarudi kulipiza kisasi Mangobo na kwenye daraja la mto Tshopo, na waliokufa walizidi 100. Hakuna aliyesoma sheria ya 1981 asubuhi ile, lakini wazo lake, kwamba raia hutambulika kwa damu na damu huonekana kwa macho, lilikuwa kazini.

Tusidhani silaha hii ni ya kuwaelekezea watu wa nje ya mipaka tu. Tangu 2023, ng'ambo ya kushoto, Lubunga na vijiji vinavyoendelea hadi Ubundu na Opala, Wambole na Walengola wameuana kwa ugomvi wa udongo uliochochewa na eneo lililotolewa kwa kampuni ya mashamba. Makumi ya maelfu walikimbia, wengi wakavuka mto kuja kulala kwenye shule na makanisa ya Kisangani. Wote wawili ni raia wa asili kwa sheria yoyote utakayoichagua, ya 1885, 1908 au 1960. Lakini ukishakubali kwamba haki ya mtu inatokana na nani alitangulia kufika, hakuna sheria ya kukuambia uishie mpakani mwa nchi. Utashuka hadi jimboni, hadi sektani, hadi kijijini, na kila ngazi utamkuta mgeni.

Kinshasa nako mambo hayajatulia. Mwaka 2021 ulipelekwa bungeni mswada, unaojulikana kwa jina la Noël Tshiani aliyeubuni, wa kutaka urais uwe wa mtu aliyezaliwa na baba Mkongomani na mama Mkongomani. Watu walisema mara moja kwamba unamlenga mwanasiasa Moïse Katumbi, ambaye baba yake alikuwa Myahudi wa Ugiriki. Sheria ya 2004 inasema mzazi mmoja anatosha, awe baba au mama. Mswada ule ungezaa raia wa daraja mbili, na Kisangani, yenye watoto wa mama wa hapa na baba wa Ugiriki, Bombay au Dakar, ingekuwa na wengi wa daraja la pili.

*Kwa ufupi: "mgeni" hana sura ya kudumu. Mwaka 1973 alikuwa mwenye duka, 2002 mwenye pua fulani, 2023 jirani wa ng'ambo ya shamba.*

Siku sita, na swali jingine

Kuanzia 5 hadi 10 Juni 2000, jeshi la Rwanda na jeshi la Uganda, yaliyoingia Kongo kama marafiki, yalipigana katikati ya Kisangani. Mabomu zaidi ya 6,000 yaliangukia mji. Watu walijificha chini ya vitanda, kwenye mitaro, makanisani. Waliokufa walizikwa uani kwa sababu makaburini hapakufikika. Wenyeji wanaviita Vita vya Siku Sita, na ukiwasikia wanavyovisimulia utagundua jambo: hakuna anayeanza kwa kutaja kabila. Wanaanza kwa kutaja walikokuwa. "Sisi tulikuwa Tshopo." "Sisi tulikuwa Makiso, karibu na kanisa kuu." Aliyekuwa safarini wakati ule, hata akiwa Mgenia wa vizazi kumi, husikiliza tu.

Tarehe 9 Februari 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki, kule The Hague, iliiamuru Uganda ilipe Kongo dola milioni 325: milioni 225 kwa madhara ya watu, 40 kwa mali na 60 kwa maliasili, katika mafungu matano ya milioni 65 kila mwaka. Kongo ilianzisha mfuko wa kuzigawa, FRIVAO, na makao yake yakawekwa Kisangani.

Fedha hizo zimeleta ugomvi mwingi: nani yumo katika orodha, nani ameachwa, nani ameandikwa mara mbili, na mafungu yaliyokwisha lipwa yamekwenda wapi. Waathirika wameandamana, viongozi wa mfuko wamesimamishwa na wengine kuwekwa. Mtu mwenye kuumia ana haki ya kukasirika. Hata hivyo, kwa swali la sura hii, hapa kuna kitu kigeni kabisa katika mazoea ya dola yetu. Haki ya kulipwa inategemea madhara uliyoyapata na mahali yalipokupata. Mfanyabiashara wa Kasai aliyekuwa amepanga chumba Makiso, Mnande mwenye kibanda sokoni, Mngwana asiye na msitu, mwana wa Mlokele aliyezaliwa juu ya mtumbwi, wote wanadai kwa msingi mmoja na Mgenia wa maporomoko.

Bila shaka atakayekwenda kudai ataambiwa kwanza aonyeshe kitambulisho, na atatoa kadi ile ile yenye mistari ya asili. Ila safari hii kijiji cha baba hakimsaidii wala hakimdhuru. Linalotafutwa ni anwani yake ya Juni 2000.